Kadirisha Katika Kichwa cha Kondoo

Nilipokuwa mtoto wa miaka tisa hivi sikumwamini mtu yeyote aliyenunua kitu bila kuombwa. Mama alisema tabia hiyo niliitoa kwa Baba, na kwa kuwa Baba mwenyewe sikumjua vizuri, hata hilo nililitilia shaka. Nilinusa maziwa kabla ya kunywa. Mwalimu wa Sunday school aliposema kwamba Mungu anaona kila kitu, mimi nilitaka kujua ni nani aliyemwambia. Ninayataja haya mapema ili msomaji ajue anasimuliwa na mtu wa aina gani.

Tuliishi juu ya Gilgil, upande wa vilima, kwenye shamba ambalo zamani lilikuwa la mzungu mfuga ng'ombe, kabla wazee hawajajichanga wakalinunua na kugawana. Alama pekee aliyoiacha mzungu ilikuwa dip, lile shimo refu la simenti ambamo ng'ombe waliogeshwa dawa. Sasa lilikuwa limemezwa na vichaka vya leleshwa, na mijusi ndiyo iliyokuwa na haki zote humo. Nyumba yetu ya mabati ilikuwa hapo juu ya dip. Mama alirudi kwao na sisi wawili, mimi na mdogo wangu Nyambura, ndoa ilipomshinda, na Guka, yaani babu yetu mzaa mama, akamkatia mahali pa kuishi na kulima. Alisimama mbele ya watu akaonyesha kwa fimbo: kutoka dip mpaka kwenye ua wa mkonge. Hakuandika popote, kwa sababu neno la Guka lilitosha. Kisha Guka akafa.

Habari za kadirisha tulizipata kwa Shosho, mke wa Guka. Alisema ndani ya kichwa cha kila kiumbe, nyuma kabisa ya ubongo, karibu na shingo, kuna kadirisha kadogo, kipande cha nyama kisichozidi punje ya maharagwe ya njahi. Hapo ndipo waliotangulia huchungulia upande wetu. Sisi nasi tungechungulia upande wao, ila cha binadamu hufungwa utosi wa mtoto unapokauka. Cha kondoo hakifungwi kamwe. Ndiyo maana, alisema, utamwona kondoo ameacha kula, amesimama, anakodolea macho mahali ambapo hakuna kitu.

"Hakuna kitu kwako," aliongeza. "Yeye anasalimiwa."

Kwetu kichwa cha kondoo kilikuwa cha wanaume. Mwanamke alikichoma manyoya, akakikwangua, akakichemsha na kukipasua, lakini hakuruhusiwa kuonja hata mchuzi. Kabla sinia haijapelekwa kwa wazee sebuleni, Shosho alitufukuza jikoni na kufunga mlango. Alituambia kwamba huko ndani hukitoa kile kipande kwa ncha ya kisu na kukizika kwenye majivu, kwa sababu mtu akikila, hasa mtoto, chake mwenyewe hufunguka upya. Hatukuwahi kumwona akifanya hivyo. Tulisikia shoka likigonga mfupa, kisha kimya, kisha mlango ukafunguka na sinia ikatoka.

Siku moja nilimuuliza kama wazee hawaoni kwamba ubongo umepungua. Shosho aliniangalia.

"Wewe," alisema, "utaolewa na polisi."

Pasaka ya kwanza baada ya Guka kufa, tulichinja kondoo. Wageni walikuwa wengi, na Shosho alipotufukuza jikoni Nyambura hakutoka. Alikuwa na miaka sita, na alikuwa amejificha nyuma ya gunia la makaa akicheza na mtoto wa paka. Shosho alikuwa ameshapasua kichwa na kukiweka kile kipande kando ya sinia mgeni fulani alipobisha. Alitoka kumsalimia. Nyambura akatoka nyuma ya gunia, akaona kijinyama kimewekwa peke yake, akadhani ni chake, akala.

Mayowe ya Shosho yalisikika mpaka kwa majirani. Nilipofika mlangoni nilikuta amemwinamisha Nyambura, kidole chake kiko kooni mwa mtoto. Nyambura alitapika chai na mkate, lakini nyama haikuonekana. Shosho akaketi sakafuni palepale. Akayachambua matapishi kwa vidole, akitafuta kile kipande. Nilimwona, na mimi niliyekuwa nikishuku hata maziwa, sikuwazia chochote.

Majuma machache yalipita. Jioni moja tulikuwa nje tunakunywa chai, jua bado liko, Nyambura akaonyesha ukuta wa dip na kusema, "Guka ameketi pale."

Mama aliacha kumimina chai. "Amevaa nini?" aliuliza kwa sauti ya chini.

"Koti."

"Kila mzee wa Gilgil ana koti," nilisema, na Mama akanifinya paja.

Habari zilitembea. Baada ya hapo Nyambura alimwona Guka mara kadhaa, na kila mara palikuwa na mtu mzima wa kumuuliza. Nilimchunguza. Nilimuuliza kama Guka ana kivuli, kama anakohoa, kama mbwa wetu anambwekea. Alijibu vile mtoto anavyojibu akichoka kuulizwa: ndiyo, ndiyo, ndiyo. Nikahitimisha kwamba mdogo wangu haoni kitu ila anapenda kutazamwa. Lakini kulikuwa na nyakati nilipomkuta peke yake ametulia, uso ameuelekeza kwenye dip, hata hajui nimefika, na nyakati hizo sikukaa karibu naye sana.

Ndipo Anko Mwangi alipoanza kuja. Anko alikuwa kaka mkubwa wa Mama, na alikuwa akifanya kazi kule Kamere, kando ya ziwa la Naivasha, kwenye mashamba ya maua. Guka alipokuwa hai, Anko alionekana Krismasi na kwenye mazishi ya watu. Sasa alikuja kila Jumapili, na kila Jumapili alimletea Nyambura soda ya machungwa. Mimi aliniletea salamu. Wakati huohuo nilikuwa nimeona gari jeupe likisimama barabarani, na Anko akiwa na wanaume wawili wenye viatu vizuri katikati ya viazi vya Mama, mmoja wao akipima kwa hatua kutoka dip kwenda kwenye mkonge. Niliviweka vitu hivyo viwili pamoja, soda na gari.

Jumapili iliyofuata niliwafuata. Anko alimpeleka Nyambura nyuma ya dip, mimi nikapita katikati ya leleshwa kwa magoti. Alichuchumaa mbele yake, soda iko mkononi, bado imefungwa.

"Leo Guka anasema aje?"

"Hasemi."

"Hasemi ama hutaki kusema? Kwani hanyooshi mkono huku barabarani?"

Nyambura aliiangalia soda. "Ananyoosha."

"Sawa. Na anataka mama yako akae hapa kwa dip, ama arudi kwa watu wa baba yako?"

"Arudi."

"Mtoto mzuri," alisema Anko, na akafungua soda kwa meno.

Nilikimbia mpaka kwa Mama, aliyekuwa akipalilia, nikamwambia yote bila kupumua. Nilitarajia atashika jembe na kumfuata kaka yake. Badala yake alisimama akinitazama, mikono imejaa udongo.

"Kwa hivyo mtoto alisema Guka alinyoosha mkono?"

"Mama! Ni Anko alimwambia aseme!"

"Nimekuuliza, alisema alinyoosha?"

Hapo ndipo nilipoogopa kweli. Mama hakuwa mjinga, na alimjua kaka yake kuliko nilivyomjua mimi. Lakini alikuwa amelelewa na kadirisha. Alikuwa ameamini habari zake kabla hajajua kusoma, na mtoto aliyekila kile kipande alikuwa tumboni mwake mwenyewe miaka sita tu iliyopita. "Kama baba yangu amesema nitoke," alisema, "nitakaa hapa na nguvu gani?" Kesho yake nilimkuta anatia blanketi na sufuria kwenye gunia. Kule kwa watu wa Baba tulikuwa tumefukuzwa na mbwa, na sisemi kwa mfano, walitufungulia mbwa. Hatukuwa na mahali pengine.

Nilikwenda kwa Shosho. Alikuwa akichambua maharagwe kwenye ungo, na alinisikiliza bila kuinua kichwa.

"Umeambia mama yako?"

"Nimemwambia. Lakini anaamini kadirisha."

"Na wewe?"

"Mimi siamini mtu."

Alicheka kidogo kwa pua. Kisha aliendelea na maharagwe kwa muda mrefu hata nikadhani amenisahau. "Hao wazee wanakaa lini kuamua hii shamba?" aliuliza mwishowe. Nikamwambia Anko amewaita Jumamosi.

Jumamosi alasiri watu waliketi uwanjani kwa Guka, wanaume kwenye viti, wanawake kwenye nyasi. Aliyeongoza alikuwa Mzee Gathogo, rika la Guka, mzee wa kofia na maneno machache. Kulikuwa pia na mzee wa kanisa na majirani waliopakana nasi. Mama alikuja na kuketi nyuma kabisa. Gunia lake lilikuwa limeshafungwa nyumbani.

Anko alisimama. Alikuwa amevaa vizuri, na sauti yake ilikuwa ya unyenyekevu kiasi kwamba nilitaka kumtupia jiwe. "Mimi sitasema kitu," alisema. "Nikisema, mtasema Mwangi anataka shamba. Wacha Baba aseme mwenyewe." Akamwita Nyambura, ambaye alikuwa amevalishwa nguo ya kanisani.

Mzee wa kanisa alikohoa. "Hii mambo si ya kanisa," alisema, lakini hakutoka, na nikaona amevuta kiti karibu ili asikie vizuri.

"Tutajuaje kama huyu mtoto anaona?" aliuliza Mzee Gathogo.

"Si alikula kadirisha? Mami mwenyewe alipiga nduru, majirani wote walisikia."

Majirani waliitikia kwa kichwa. Walikuwa wamesikia. Nyambura alifungua mdomo, na Mama akafumba macho.

"Ngojeni," alisema Shosho.

Aliinuka kutoka kwenye nyasi, akajikung'uta sketi, akaenda kusimama kati ya mjukuu wake na wale wazee. "Ni mimi nilipiga nduru," alisema. "Basi wacha niwaambie sababu. Hakuna kadirisha. Haijawahi kuwa. Mimi nilikuwa nakula ubongo."

Aliwageukia wazee.

"Tangu niolewe kwa hii boma, kila kondoo, nilikuwa nafunga mlango nakula yangu kwanza, halafu nawaletea mabaki. Hiyo hadithi niliitengeneza ndio watoto wasichungulie. Ile siku huyu mtoto alipata sehemu yangu kwa sinia akaila. Nikapiga nduru ndio aogope, asinitaje."

Mzee Gathogo alivua kofia polepole. "Mama Mwangi," alisema. "Hiyo kichwa ulikuwa unatuletea. Ilikuwa imeonjwa?"

"Ilikuwa imeonjwa."

"Hata ile ya ruracio ya binti yangu? Ile siku ya mahari?"

"Hata hiyo."

Mzee alivaa kofia yake tena, akachukua fimbo, akaondoka. Chai aliyokuwa amepewa aliiacha imejaa. Hapo ndipo watu walipoelewa uzito wa maneno yale, kwa sababu Mzee Gathogo hakuwahi kuacha chai ya Shosho katika maisha yake.

"Mami, unadanganya!" Anko alipiga kelele. Unyenyekevu wote ulikuwa umemtoka. "Huyu anadanganya! Nyinyi hamuoni anadanganya?"

"Basi uliza mtoto kama ilikuwa tamu," alisema Shosho.

Watu wote walimgeukia Nyambura. Alifikiria kwa makini. "Ilikuwa na chumvi," alisema.

Mwanamke mmoja akacheka, akajaribu kuzuia, akashindwa. Kisha wengine. Kicheko kilipoanza Anko hakuwa na la kufanya, maana hakuna anayemsikiliza marehemu huku watu wanacheka. Mzee wa kanisa, aliyeona nafasi ya kutoka kwenye jambo lile akiwa safi, alisema kwamba kama kadirisha ni uongo, basi neno la marehemu ni lile alilolisema akiwa hai. Wao wote walikuwepo akionyesha kwa fimbo. Kutoka dip mpaka kwenye mkonge. Jioni ile Mama alifungua gunia na kurudisha sufuria mahali pake, akilia, na mimi nikalia kwa kuwa yeye alikuwa analia.

Gari jeupe halikurudi. Anko naye hakumsemesha mama yake kwa miaka mingi. Lakini bei ya siku ile aliilipa Shosho. Kabla ya hapo hapakuwa na ruracio wala harusi katika ile milima ambayo hakuitwa kusimamia sufuria. Sasa hakuitwa tena. Kondoo akichinjwa, kichwa kilipelekwa kupikwa kwa jirani, mbele ya macho yake. Kanisani kina mama walimpa jina, wakadhani hasikii. Alilibeba hilo bila kulalamika, na alipoulizwa na wachokozi kama ubongo una ladha gani, alijibu kwamba waulize waume zao.

Mimi nilimpenda zaidi kwa sababu ya ule wizi. Nilijivunia. Nilipofika kidato cha pili na kuonyeshwa mchoro wa ubongo, nilipitisha kidole kila mahali nikitafuta kadirisha, nikafurahi kutokuta kitu, nikamshangilia Shosho kimoyomoyo katikati ya somo. Na somo lake nimelibeba hadi leo. Hapa Kiamunyi ninapoishi, majirani zangu hunitumia video za watu wanaofundisha jinsi ya kufungua sehemu iliyolala ya ubongo ili uone upande wa pili, na kila nikimwona mmoja wao najiuliza swali lilelile: huyu naye anakula nini mlango ukifungwa?

Hapo kisa kingeishia vizuri, na kwa miaka kadhaa kiliishia hapo.

Nilipomaliza kidato cha nne Mama alinichinjia kondoo. Tulikuwa wanawake peke yetu nyumbani, na Mama, kwa utani na kwa upendo, alisema kwamba leo Shosho atapika kichwa, na atakula ubongo wote bila kufunga mlango. Macho ya Shosho yalikuwa yameshafifia. Mimi nilikaa naye jikoni nikichochea moto. Alikipasua kichwa kwa shoka kwa pigo moja, akaweka shoka chini, akapapasa kwa kidole ndani, nyuma kabisa, karibu na shingo. Akachukua kisu. Kwa ncha yake alitoa kitu kidogo, akainama, akakizika kwenye majivu, akakifunika vizuri. Midomo yake ilikuwa inasema kitu ambacho sikukisikia.

Mama akaingia na bakuli, akautoa ubongo, akamnyooshea. "Kula, Mami. Leo hakuna mwanaume."

Shosho aligeuza uso upesi. "Toa hapa. Hiyo kitu haijawahi kupita kwa hii koo. Hata harufu yake nitatapika."

Mama alidhani ni utani, akacheka, akatoka na bakuli kwenda kumpa Nyambura, ambaye pia alikataa. Mimi nilibaki. Shosho aligeuza kichwa kuelekea mahali nilipokuwa.

"Bado uko hapo?"

"Niko."

Aliyasawazisha tena majivu kwa vidole. "Utaolewa na polisi," alisema, na akaniomba nimletee maji ya kunawa.

Hatukuzungumza jambo hilo tena, na sasa hayupo wa kuulizwa. Nimeligeuza mara nyingi. Siku ile uwanjani, mtu pekee aliyesema kweli alikuwa Anko Mwangi, aliyepiga kelele kwamba mama yake anadanganya, na nilimchukia kwa hilo kuliko kwa soda na gari pamoja. Nyambura, ambaye leo anauza nguo mjini Nakuru, anasema hakumbuki Guka hata kidogo, anakumbuka soda. Nimemuuliza kwa njia nyingi. Anajibu ndiyo, ndiyo, ndiyo, na bado sijui kama anachoka kuulizwa au ananificha kitu.

Mimi siamini kadirisha. Lakini Shosho alikiamini, kwa moyo wake wote, na hilo ndilo linaloniuma. Maana kama alikiamini, basi aliposimama mbele ya watu na kujiita mwizi, aliamini pia kwamba mume wake yuko pale, ameketi juu ya ukuta wa dip na koti lake, anamsikia akimkana. Alimkana ili binti yake asitoke. Sijui alimwambia nini Guka baadaye kwenye yale majivu, ingawa nadhani aliomba msamaha.

Msimu ule nilimshuku Anko, nikamshuku mzee wa kanisa, nikamshuku mdogo wangu mwenyewe. Shosho sikumshuku hata siku moja. Mama bado anapanda viazi pale, kutoka dip mpaka kwenye mkonge.